Waliochunguzwa wana haki ya kusoma: barua ya wazi kwa wakuu wa vyuo, wafadhili wa utafiti na wachapishaji

Waheshimiwa wakuu wa vyuo vikuu, wajumbe wa mabaraza yanayogawa fedha za utafiti, na ninyi mnaomiliki majarida ya kitaaluma,

Nawaandikia kuhusu fedha na kuhusu fomu. Najua hayo mawili ndiyo yanayowashughulisha kutwa, kwa hiyo sitaanza na falsafa. Mimi ni mhadhiri wa taaluma za utamaduni. Ninachofundisha na kukiandikia ni jinsi watu wanavyonunua, wanavyotamani wasichoweza kununua, na jinsi tamaa hiyo inavyofuata tabaka, rangi na jinsia. Ombi langu ni kwamba utafiti juu ya ulaji, ukosefu wa usawa na haki za kijamii uwafikie watu wanaochunguzwa ndani yake, nanyi muache kuwaadhibu wanaoufikisha.

Nianze na kazi iliyokwisha kufanywa na taaluma hii, maana katika vikao vya bajeti swali la "inasaidia nini" huulizwa kwa sauti ya mtu ambaye tayari ana jibu lake.

Mwaka 1899 Mmarekani Thorstein Veblen alieleza kwamba tajiri hanunui kwa haja tu. Hununua ili aonekane akinunua. Aliandika kwa kejeli, na waliolengwa walijitambua. Miaka 80 baadaye, mwaka 1979, Mfaransa Pierre Bourdieu aliipeleka hoja mbali zaidi. Akitumia hojaji zilizojibiwa na watu 1,217 katika miaka ya 1960, alionyesha kwamba hata ile tunayoiita ladha ya mtu, yaani muziki anaoupenda, picha anayoitundika ukutani, namna anavyoketi mezani, huandamana na tabaka alilozaliwa na shule aliyosoma. Mtoto wa nyumba yenye vitabu hufika darasani na mtaji ambao hauonekani kwenye akaunti yoyote ya benki, na mwalimu humwita mwenye kipaji. Mwenzake asiye na mtaji huo huambiwa aongeze bidii. Anayesimamia udahili wa wanafunzi akilielewa hilo, hawezi tena kuisoma barua ya maombi kwa macho yale yale.

Theodor Adorno na Max Horkheimer, Wajerumani waliokimbilia Marekani Wanazi walipotwaa nchi yao, waliona jambo la kutisha zaidi. Waliandika katika miaka ya 1940 kwamba burudani imekuwa kiwanda, na kiwanda hicho kinatengeneza pia mtazamaji mtiifu atakayeinunua. Stuart Hall, aliyezaliwa Jamaika mwaka 1932 na kuhamia Uingereza mwaka 1951, hakuwafuata hadi mwisho. Mwaka 1973 alitoa hoja kwamba ujumbe uliotungwa studio haumwingii mtazamaji kama dawa ya sindano. Anaweza kuupokea wote, akaukubali nusu, au akaukataa kabisa kulingana na mahali anaposimama maishani. Ubishi huo haujaisha, na mimi naona usiishe, kwa sababu pande zote mbili zimeshika kitu. Katika miaka ya 1980 baadhi ya wenzetu walilemea upande wa Hall kupita kiasi, wakawa wanaona uasi katika kila mfuko wa manunuzi. Jim McGuigan, mtafiti wa utamaduni wa Uingereza, aliwakosoa mwaka 1992, na alikuwa na haki.

Kijana anaweza kweli kuivaa nguo kwa namna ya kuwabeza wakubwa. Lakini kuna aliyeishona. Tarehe 23 Aprili 2013 nyufa zilionekana katika jengo la Rana Plaza, nje kidogo ya Dhaka, Bangladesh. Benki na maduka ya ghorofa za chini yalifungwa. Washonaji wa ghorofa za juu waliamriwa kurudi kazini kesho yake asubuhi, jengo likaanguka, na zaidi ya watu 1,100 wakafa. Nguo walizokuwa wakishona zilikuwa za maduka ya Ulaya na Marekani Kaskazini. Jengo moja na nyufa zile zile, lakini karani wa benki alibaki nyumbani na mshonaji akaingia. Mtafiti wa ulaji anayechunguza vazi mwilini mwa mnunuzi bila kupanda hadi ghorofa ile hajamaliza kazi. Wengi wetu siku hizi tunapanda, na ndiyo maana kazi zetu zimeanza kuwa na maana kwa watu wasio wasomi.

Halafu kuna suala la simu, ambalo sichoki kulirudia darasani. Mtu asiye na kipato cha uhakika anakopa simu nzuri na kuilipa kidogo kidogo. Ofisa wa misaada anaiona mkononi mwake, anahitimisha kwamba huyu si maskini wa kutosha. Yule mwenye simu anajua jambo ambalo ofisa halijui: kibarua kinatangazwa kwenye simu, malipo yanaingia kwenye simu, na mwajiri humpima mtu kwa simu aliyoishika kabla hajafungua kinywa. Kununua kitu cha bei kunaweza kuwa kodi anayolipa maskini ili asidharauliwe. Ofisa akisoma utafiti wa namna hii, fomu yake ya kuhoji waombaji inaweza kubadilika. Asiposoma, ataendelea kukata majina. Na hasomi, kwa sababu utafiti uko nyuma ya malipo, kwa lugha asiyoitumia kazini, umeandikwa kwa mtindo unaowapendeza wahakiki watatu wa jarida.

Haikuanza hivi. Richard Hoggart, Raymond Williams na E. P. Thompson, ambao taaluma hii inawahesabu miongoni mwa waanzilishi wake, walikuwa walimu wa elimu ya watu wazima kabla ya kuwa majina makubwa. Wanafunzi wao walikuwa watu wenye kazi zao na maisha yao, na mtu wa namna hiyo huwezi kumwambia kwamba utamaduni ni wa wakubwa peke yao akakubali kimya. Hoggart alipoanzisha kituo cha utafiti wa utamaduni katika Chuo Kikuu cha Birmingham mwaka 1964, sehemu ya fedha ilitoka kwa Allen Lane, mwanzilishi wa kampuni ya vitabu ya Penguin, aliyepata utajiri kwa kuuza vitabu vya bei ambayo mtu wa kawaida aliimudu.

Hapa naomba mtulie kidogo. Hoja ile ya Hall ya mwaka 1973, ambayo leo inatajwa na kila mwanafunzi wa habari na utamaduni, haikutoka katika jarida la kifahari. Ilitolewa na kituo kile katika mfululizo wa makala zilizorudufiwa kwa stensili. Haikuwa na kipimo cha athari, yaani ile namba inayoonyesha makala za jarida hutajwa mara ngapi, wala namba ya utambulisho wa kidijitali. Ingewekwa mbele ya kamati ya kupandisha vyeo ya leo, mjumbe mmoja angeuliza kama kweli ni chapisho. Kazi nyingine kubwa ya kituo, ya mwaka 1978 kuhusu hofu ya uporaji mitaani na jinsi ilivyobebeshwa vijana weusi, ilitoka na majina ya waandishi 5. Fomu zenu zingewagawia alama nusu nusu. Hall mwenyewe aliondoka mwaka 1979 kwenda Chuo Kikuu Huria cha Uingereza, ambako mihadhara ilirushwa kwa redio na televisheni ili mtu asiyeweza kuacha kazi asome.

Na kituo kikafa vipi? Mwaka 2002 chuo kiliifunga idara iliyokirithi, baada ya idara hiyo kupata daraja lisiloridhisha katika tathmini ya kitaifa ya utafiti ya mwaka 2001. Wasomi wa mabara mengine walipinga, haikusaidia. Taaluma inayofundishwa leo duniani kote ilifungiwa mlango pale ilipozaliwa kwa sababu ya daraja moja katika jedwali.

Wala si huko peke yake. Mwaka 1977 huko Kamĩrĩthũ, Kenya, wakulima na wafanyakazi walijijengea jukwaa la wazi na kuigiza, kwa Kikuyu, mchezo uliohusu ardhi yao na mishahara yao. Serikali iliupiga marufuku. Ngũgĩ wa Thiong'o, aliyeuandika pamoja na Ngũgĩ wa Mĩriĩ, aliwekwa kizuizini bila kesi, na alipoachiwa mwaka 1978 hakurudishiwa kazi yake chuoni. Jukwaa lenyewe lilibomolewa mwaka 1982. Nawataja kwa sababu pale msomi aliwapelekea watu kazi iliyowahusu, kwa lugha yao, wakaisahihisha na kuimiliki. Dola ilitambua uzito wake mapema kuliko kamati yoyote ya kitaaluma.

Sasa niseme la kwangu. Mmoja wa walioshiriki katika utafiti wangu ni muuzaji katika duka kubwa la nguo. Alinieleza kwamba akiwa kazini lazima avae nguo za duka hilo za msimu huo. Anazinunua mwenyewe, kwa punguzo, na mtindo ukibadilika ananunua tena, kwa hiyo sehemu ya mshahara inarudi kwa mwajiri kupitia kabati lake. Alinionyesha anavyokunja fulana juu ya kibao ili kingo zote zilingane. Mteja anakuja, anazipekua zote, anaondoka na moja au bila hata moja, naye anaanza upya akiwa amesimama, kwa kuwa viti haviruhusiwi pale mbele. Mambo hayo yalikuwa uti wa mgongo wa makala yangu.

Makala ilipotoka, aliitafuta kwenye simu yake akanitumia picha ya alichokiona: muhtasari mfupi, jina langu, na chini yake kisanduku kinachotaka malipo ili aisome kwa saa 48. Aliniuliza kama fedha hizo ni zangu. Nikamwambia hapana. Akauliza basi ni za nani.

Nilimtumia nakala yangu. Aliisoma, akaipitisha kwa wenzake, na sehemu inayohusu gharama za nguo za kazini wakaitumia kudai mwajiri azilipie. Ninapoandika barua hii mazungumzo yao bado yanaendelea. Katika fomu ya kupanda cheo sina mstari wa kuandika hilo. Nina mstari wa jina la jarida, daraja la jarida, na idadi ya mara nilizotajwa na wasomi wenzangu.

Swali la muuzaji yule nawaelekezea ninyi wachapishaji. Mwandishi hamumlipi. Anayehakiki hamumlipi. Chuo kinachotulipa mishahara kinawalipa ninyi tena ili kisome tulichokiandika. Kampuni inayomiliki Elsevier, mchapishaji mkubwa wa majarida, imekuwa ikitangaza mwaka baada ya mwaka faida inayozidi asilimia 30 ya mapato katika biashara hiyo. Mwaka 2024 Informa, wamiliki wa Taylor & Francis, walitangaza makubaliano na Microsoft ya kutoa maandiko yao kwa ajili ya akili bandia, malipo ya kwanza yakiwa zaidi ya dola milioni 10. Majarida kadhaa makubwa ya taaluma yetu yako mikononi mwa kampuni hiyo. Kwa hiyo mashine inaweza kusomeshwa juu ya maisha ya muuza nguo, na muuza nguo mwenyewe akabaki mbele ya kisanduku cha malipo. Sheria ya hakimiliki huenda inaruhusu. Mimi nauliza kuhusu haki.

Mtanijibu kwamba sasa kuna ufikiaji huria, yaani makala kusomwa bure mtandaoni. Ndiyo, tangu tamko la Budapest la mwaka 2002 jambo hili linazungumzwa. Lakini wengi wenu mmelifanya kuwa ada anayotozwa mwandishi. Mlango umefunguliwa kwa msomaji ukafungwa kwa mtafiti asiye na ruzuku, na katika taaluma za utamaduni wasio na ruzuku ndio wengi. Misamaha mnayotoa hufuata makundi ya nchi kwa pato. Nchi ikipanda daraja katika takwimu, mhadhiri wake anakosa msamaha ingawa mshahara wake haujasogea. Na hata pale msamaha upo, kuomba kuonewa huruma kila unapotaka kuchapisha si usawa.

Nanyi wakuu wa vyuo mtasema lazima pawe na kipimo. Sikatai kupimwa. Kipimo cha athari ya jarida, wazo lililoanzishwa na Mmarekani Eugene Garfield, kilikusudiwa kusaidia kuchagua na kulinganisha majarida. Hakikukusudiwa kumpima mtu. Kinahesabu mara ambazo makala za miaka 2 iliyotangulia zinatajwa. Utafiti juu ya mitindo, madeni ya nyumbani au aibu ya umaskini huweza kukaa miaka 10 kabla haujapata wasomaji wake. Tamko la San Francisco la mwaka 2013 lilisema wazi kwamba kipimo hicho kisitumike kuajiri wala kupandisha vyeo. Baadhi yenu mmetia sahihi tamko hilo. Fomu za ndani hazijabadilika. Mganga hajigangi, sawa, lakini huyu ametangaza hadharani kuwa amepona.

Kuna jingine linalotuhusu kama wachunguzi wa ulaji: mwanafunzi amekuwa mteja. Nchini Uingereza ada ya chuo ilianza mwaka 1998 kwa pauni 1,000 kwa mwaka, na kufikia mwaka 2012 vyuo vya England viliruhusiwa kutoza hadi pauni 9,000. Kisha Sheria ya Haki za Mlaji ya mwaka 2015 ikamhusu mwanafunzi kama inavyomhusu mnunuzi wa huduma nyingine. Haki hiyo ina faida, nakiri; mwanafunzi aliyedanganywa kuhusu kozi anastahili kudai. Lakini mteja hulalamikia bidhaa tu, hashiriki kuitengeneza. Mwanafunzi wa zile kozi za watu wazima alibishana na mwalimu kuhusu nini kisomwe. Wa leo anajaza fomu ya kuridhika mwishoni mwa muhula, huku mwalimu wake, mara nyingi wa mkataba wa miezi michache, akiingoja kwa hofu kama dereva wa teksi ya mtandaoni anavyongoja nyota zake.

Msiniambie haiwezekani kufanya tofauti. SciELO, hifadhi ya majarida ya bure mtandaoni, ilianzia Brazili mwishoni mwa miaka ya 1990, na nyingine, Redalyc, ikafuata Meksiko mwaka 2003. Kwa miaka mingi majarida mengi ya Amerika ya Kilatini yamesomwa bure na kuandikiwa bure, kwa Kihispania na Kireno, yakibebwa na fedha za umma na vyuo vyenyewe. Mwaka 2019 likatoka tamko la Helsinki la kutetea lugha nyingi katika uchapishaji wa kitaaluma. Mwaka 2021 nchi wanachama wa UNESCO zikapitisha mapendekezo ya sayansi huria. Njia imeshatembewa, na waliotembea hawakuwa na fedha nyingi kuliko ninyi.

Ninachodai kinaweza kuanza katika mwaka huu wa fedha. Fomu ya kupanda cheo iwe na nafasi ya kueleza kazi ilivyorudishwa kwa walioshiriki na walichofanya nayo, nafasi hiyo ipewe alama halisi, na makala iliyoandikwa kwa lugha ya washiriki isihesabiwe chini ya ile ya lugha ya kimataifa. Kila ruzuku ya utafiti unaohusu watu iwe na fungu la kurudisha matokeo, kwa sauti au maandishi, nalo likaguliwe kama mnavyokagua nauli. Sehemu ya fedha mnazolipia majarida ya biashara ihamishwe, kidogo kidogo kila mwaka, kwenda kwa majarida yasiyomtoza msomaji wala mwandishi. Wahariri wake wapo, wanafanya kazi usiku bila malipo, na wengi wamechoka. Idara isifungwe kwa sababu ya daraja moja katika tathmini moja. Na mikataba yenu na wachapishaji itoke kwenye makabati: chuo kinachotumia fedha za umma hakina sababu ya kuficha kinacholipia kusoma kazi za watu wake.

Wachapishaji, kwenu nina dai dogo tu. Mtu aliyehojiwa katika makala aisome bila kulipa, kwa muda wote anaotaka. Mwandishi anaweza kuwathibitishia kwamba alishiriki bila kutaja jina lake. Mfumo unaojua kuhesabu saa 48 hauwezi kushindwa na hilo.

Nasubiri majibu yenu hadharani, si kwa barua ya ofisi. Muuzaji yule pia anayasubiri; nimemwahidi nitampelekea nakala ya kila jibu.

Wenu katika kazi,
Mhadhiri wa taaluma za utamaduni